Nimepewa jembe, lakini bado najiona mgeni

Shikamoo mama,

Nina miaka 19. Naomba usitaje jina langu wala la kijiji chetu, kwa sababu hatufiki watu mia nne na familia ya Waafrika ni sisi peke yetu. Ukikitaja kijiji umenitaja mimi. Ujue tu kwamba tuko kusini mwa Alberta, Kanada, kwenye nyika za majani, karibu nusu saa kwa gari kutoka mji wa Brooks.

Nilizaliwa kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, Tanzania, mwaka 2006. Wazazi wangu ni Wabembe wa Fizi, mashariki mwa Kongo. Walivuka Ziwa Tanganyika mwaka 1996 wakiwa bado watoto, kila mmoja na watu wake, wakakutana kambini na kuoana kambini. Kongo sijawahi kuikanyaga. Tulipokuja Kanada nilikuwa na miaka 10. Baba alipata kazi kiwanda cha nyama, kama wanaume wengi wa kwetu walioko upande huu, na baada ya miaka mitatu tukahamia kijijini kwa sababu nyumba huku ni rahisi. Baba anakwenda zamu na wenzake wanne kwenye gari moja. Mama anasafisha vyumba kwenye hoteli ya barabara kuu. Mimi ni wa kwanza, nyuma yangu wapo wanne.

Mwaka wa kwanza nilichukia kila kitu. Hakuna mti, hakuna kilima. Upepo unavuma siku tatu mfululizo, na ukisimama nje ya nyumba yetu unaona mbali mpaka macho yanachoka, na hakuna mtu anayekuja. Kambini tulikuwa tunalala huku tunasikia majirani wakikohoa. Huku nilikuwa nalala nasikia treni tu.

Yule mama aliyekuwa akiendesha basi la shule ana shamba na mumewe, kilomita sita kutoka kwetu. Siku moja ya Machi, nikiwa na miaka 14, aliniuliza kama ningependa kuona ndama wakizaliwa. Nilikwenda. Usiku ule ule ng'ombe mmoja alishindwa kuzaa, na mzee ana baridi yabisi mikononi, akaniambia wewe una mkono mwembamba, ingiza. Niliingiza. Niliipata miguu ya mbele ya ndama, tukaifunga mnyororo, tukavuta pamoja. Alitoka hapumui. Mzee akamchokoa puani na unyasi mpaka akapiga chafya. Nje kulikuwa na nyuzi 26 chini ya sifuri. Nilifika nyumbani saa tisa usiku nanuka damu, mama akanisema sana, lakini mimi sikulala. Nilikuwa nalia kwa furaha na sijui kwa nini.

Tangu siku hiyo niko kwao kabla ya shule, baada ya shule na likizo zote. Najua kuendesha trekta, kukaza seng'enge, kumchoma ng'ombe sindano, kutambua ng'ombe anayeumwa kwa jinsi alivyosimama tu. Nilijiunga na 4-H, ile klabu ya vijana wa mashambani, nikafuga mtamba wangu mwenyewe. Nilimwita Mvua, kwa sababu huku kila mtu anaomba mvua. Kwenye maonyesho mtangazaji alishindwa kulitamka jina hilo mara tatu, watu wakacheka, nami nikacheka nao. Sasa Mvua ana mimba yake ya kwanza. Atazaa Aprili.

Shida yangu ni hii. Shule zikifungwa wazazi wanahamia Edmonton. Mabega ya baba yamechoka na mjomba amempatia kazi nyepesi ya ghala. Kule kuna kanisa letu lenye ibada ya Kiswahili, kuna shangazi zangu, kuna maduka yenye sombe (kisamvu) na samaki wa mikebuka. Wamenipangia nisome unesi, nikae nyumbani, nisaidie wadogo zangu. Lakini mwezi wa kumi na moja mzee na mkewe waliniita mezani wakaniambia wangependa nibaki. Watanilipia chuo cha kilimo pale Olds, miaka miwili, halafu nirudi tufanye kazi kwa ubia. Polepole ng'ombe wawe wangu, ardhi wanikodishe. Watoto wao wawili wako Calgary na hawataki shamba.

Nilimwambia mama. Hakupiga kelele. Alisema, "Hatukuvuka bahari ili ukawe kibarua kwenye shamba la watu," akaendelea kusonga ugali. Tangu hapo hatujaligusa tena.

Ningekuwa na hakika na huku ningebishana naye, lakini sina. Mwezi wa kumi na mbili kulikuwa na chakula cha Krismasi kwenye ukumbi wa kijiji. Nilikaa pembeni ya mzee. Jirani mmoja, mtu anayenijua tangu nikiwa mdogo, alimwambia mzee huku ananitazama mimi, "Ukizubaa hawa wataimiliki nchi nzima." Watu wakacheka. Mzee alitazama sahani yake, akanyamaza. Njiani kurudi alizungumza habari za bei ya ng'ombe. Hakuna aliyelitaja neno lile tena, na mimi pia sijalitaja.

Edmonton nako nilikwenda mwaka jana kwenye harusi ya binamu yangu. Vijana wa kwetu waliniita "mzungu wa ng'ombe". Kiswahili changu walikicheka, eti ni cha kambini kilichochanganywa na Kiingereza. Kibembe nasikia kidogo, siwezi kujibu. Bibi yangu alipiga simu kutoka Nyarugusu, ikabidi mama atufasirie. Niliona aibu, nikatoka nje.

Kwa hiyo huku mimi ni yule msichana wa Kiafrika, kule ni yule wa kijijini, Tanzania nilikuwa mkimbizi, na Kongo sina hata picha. Nina rafiki yangu Msiksika, wa wenyeji wa asili wa ardhi hii. Kila wiki anakwenda kwa bibi yake kujifunza lugha yao, kwa sababu mama yake hakuifundishwa. Aliniambia, "Wewe angalau unajua ulihama. Mimi sikuhama, nimepotea hapa hapa."

Mama, nimepewa mpaka mwisho wa mwezi wa tatu kutoa jibu. Mimi ni wa wapi? Na nikibaki, nitakuwa nimewatupa wazazi wangu?

Binti wa nyikani

*

Marahaba mwanangu,

Barua yako niliisoma usiku nikaiweka chini, na asubuhi nikaisoma tena kabla ya chai. Pale kwenye mkono wako mwembamba na ndama asiyepumua nilisimama kidogo. Nimesoma barua nyingi za vijana wanaosema hawajui wanachokipenda. Yako si mojawapo.

Umeniuliza mambo mawili kwa pumzi moja. La kwanza lina tarehe: mwisho wa mwezi wa tatu, kubaki au kwenda. La pili ni la maisha: mimi ni wa wapi. Umeyafunga pamoja kana kwamba usipojibu la pili, la kwanza haliwezi kujibika. Kwanza ningekuomba uyafungue. Waweza kwenda Olds bila kujua wewe ni wa wapi. Waweza kuhamia Edmonton na bado usiku wa Machi ukaamka ukiwaza zizi. Watu wengi wameanza kazi, wameoa, wamezaa na wamezeeka huku swali la wao ni wa wapi likiwa bado mlangoni, na hawakuwa na maisha mabaya kwa sababu hiyo. Ukilitaka lijibiwe kabla ya tarehe ya mtu mwingine, litakutesa bure.

Sasa nimgeukie mama yako, kwa sababu nadhani sentensi yake umeisikia nusu. Umesikia "shamba" na ukahesabu kwamba analidharau. Mimi nimesikia maneno mawili mengine, "kibarua" na "la watu".

Nimekulia Kasulu, mwanangu, jirani na kambi mliyoishi. Kanuni ilimkataza mkimbizi kwenda zaidi ya kilomita nne kutoka kambini bila kibali, na mgao wa chakula ulikuwa hautoshi. Kwa hiyo kina mama walikuwa wakitoka alfajiri kwa njia za porini, wanakuja vijijini kwetu kulima vibarua. Kutwa nzima jembe, jioni unapewa beseni la muhogo, nalo unalibeba ukiomba usikutane na askari. Wengine walilima wakapewa nusu ya walichoahidiwa, na hawakuwa na pa kushtaki. Niliyaona nikiwa mtoto, na baadhi ya mashamba yale yalikuwa ya ndugu zangu. Sijui kama mama yako alikuwa mmoja wa wanawake wale. Lakini mtu aliyetoka Fizi, nchi ya muhogo na michikichi, kwa wazazi waliokuwa na ardhi yao wenyewe, akaja kupita miaka ishirini mahali asiporuhusiwa kupanda zaidi ya mchicha nyuma ya nyumba, mtu huyo hadharau shamba. Huenda ndiye anayelijua thamani yake kuliko wote kwenye hadithi yako.

Basi kabla ya kumuomba ruhusa, muombe hadithi. Muulize babu yako alilima nini, ardhi ilikuwa upande gani wa mto, nani alikuwa na haki ya kuigawa, na waliacha nini siku ile ya kuvuka. Usimuulize kwa hila ili umgeuze, atakujua. Muulize kwa sababu ni yako pia. Huenda akalia, huenda akakataa kusema, na huenda ukagundua kwamba kweli hataki kabisa uguse jembe. Hata hivyo utakuwa umezungumza na mama yako badala ya kuzungumza na sentensi yake.

Na hofu yake ya "la watu" usiipuuze, kwa sababu ina ukweli mtupu ndani yake. Wazee wako wamekuahidi kwa mdomo, mezani, na naamini wamemaanisha. Lakini mzee aliyefikia kutoweza kumvuta ndama anaweza kuugua mwezi ujao. Ardhi ya Alberta ni mali kubwa, na watoto wasiotaka kulima wanaweza sana kutaka kuuza. Sensa ya kilimo ya Kanada ya mwaka 2021 ilihesabu mashamba 189,874 nchi nzima, na wastani wa umri wa wenye kuyaendesha ulikuwa miaka 56. Ni mashamba 12 tu katika kila 100 yaliyokuwa na mpango wa nani atarithi uendeshaji. Wewe na wazee wako mko ndani ya hesabu hizo. Wao wanatafuta mkono, wewe unatafuta mahali, na ni rahisi sana mapenzi yakafanya kazi ambayo ilitakiwa ifanywe na karatasi.

Nina swali dogo ambalo huenda likakufundisha mengi: Mvua ana chapa ya nani? Unajua kuliko mimi kwamba Alberta chapa ya ng'ombe husajiliwa, na chapa ndiyo inayosema mnyama ni wa nani siku ya mnada. Kama Mvua ana chapa ya mzee, basi mpaka sasa hata mtamba wako ni wa watu. Haina maana mzee ni mwizi. Maana yake ni kwamba hakuna aliyekaa chini kulifikiri, na pale ndipo pa kuanzia. Omba mzungumzo ambao watoto wao wa Calgary watakuwepo. Omba yaandikwe: ng'ombe wangapi, lini, ardhi ipi, kwa miaka mingapi, nini kitatokea mmoja wenu akifa. Tafuta wakili wako mwenyewe, asiwe wa familia yao. Ada ya chuo nayo uliza, ni zawadi, ni mkopo, au ni mshahara uliolipwa mapema? Ukiona inakufunga mno, angalia mikopo na ruzuku za serikali kwa wanafunzi ili ukasome bila kuwa na deni la fadhila. Deni la benki lina mwisho unaojulikana.

Utaniambia, mama, nitaonekana sina shukrani. Hapo ndipo nilipotaka tufike.

Wazee wetu walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Wewe ulipewa jembe, tena ulilishika kweli. Ila methali inaishia hapo, haisemi nini kinafuata baada ya jembe. Mtu anaweza kulishika miaka mitano na bado akaishi kama mgeni, kwa sababu mgeni ana adabu moja ambayo mwana wa nyumba hana: mgeni hagombani na wenyeji wake. Anakula kilichopo, anacheka jina lake likiharibiwa, anatazama sahani. Nimepitia barua yako yote nikitafuta mtu uliyewahi kumkasirikia mbele ya uso wake. Simuoni. Mama alisema neno ukanyamaza. Jirani alisema neno ukanyamaza. Binamu zako walikucheka ukatoka nje. Unajiuliza wewe ni wa wapi, na kote unakaa kigeni. Sikulaumu. Mtoto aliyezaliwa kambini hufundishwa mapema kutowaudhi wenye nchi. Lakini ningependa ulione.

Ukimya wa mzee sina ufunguo wake. Huenda aliona haya. Huenda ni mtu ambaye maisha yake yote hajawahi kumkatiza jirani aliyemsaidia kuvuna, na bei ya ng'ombe njiani ndiyo njia pekee aliyoijua ya kukuambia samahani. Huenda pia, na hili liseme polepole moyoni, sehemu yake fulani ilikubaliana na mzaha ule. Ungependa nikuchagulie maana iliyo nzuri, lakini ukweli anao yeye. Muulize. Si mezani, wala usimkabili kwa macho. Muulize mkiwa mnashusha marobota ya majani au mnaendesha pikapu, mikono ikiwa na kazi. Mwambie tu, "Siku ile ukumbini uliponyamaza niliumia." Kisha na wewe unyamaze. Kuna hatari. Anaweza kusema ulikuwa utani tu, usiwe mwepesi wa kuumia. Itauma zaidi ya ukumbini. Lakini ni heri uisikie Februari hii kuliko kuisikia ukiwa na ng'ombe thelathini na mkataba wa miaka kumi.

Mzaha wenyewe una umri mrefu kuliko yule jirani. Mwaka 1911 baraza la mawaziri la Kanada lilipitisha amri ya kuwazuia watu weusi kuhamia nchini kwa mwaka mmoja, kwa sababu familia za wakulima weusi kutoka Oklahoma, Marekani, zilikuwa zinaingia nyikani kutafuta ardhi. Amri hiyo haikutekelezwa na ikafutwa baada ya wiki chache, ila hofu iliyoizaa ni ile ile uliyoisikia kwenye chakula cha Krismasi. Ukipenda siku moja nenda hifadhi ya Dinosaur Provincial Park, si mbali na kwenu. Kuna nyumba ya magogo iliyohifadhiwa ya John Ware. Alizaliwa mtumwa kusini mwa Marekani, akafika Alberta mwaka 1882 akiswaga ng'ombe, akawa mfugaji mwenye kundi lake kando ya mto Red Deer. Mafuriko ya 1902 yalimchukulia nyumba akajenga nyingine. Mkewe Mildred alifariki mwaka 1905, na miezi michache baadaye yeye mwenyewe akafa, farasi wake alipojikwaa kwenye shimo la melesi, mnyama anayechimba ardhini, na kumwangukia. Watu waliomsifia nguvu zake walimwita kwa tusi la rangi yake, na tusi hilo likabaki kwenye majina ya mahali kwa miaka mingi. Sikwambii haya ili umfuate. Nimeyasema kwa sababu uliandika kana kwamba msichana mweusi na mtamba wake kwenye nyika ile ni ajabu iliyoanza na wewe, na kwamba lazima uchague kati ya rangi yako na ng'ombe wako.

Na yule jirani, babu yake alipataje ardhi? Huenda kwa sheria ya mwaka 1872, iliyowapa walowezi ekari 160 kwa ada ya dola 10. Ekari zile zilikuwa za watu wa rafiki yako Msiksika, waliotia saini Mkataba wa Saba na serikali mwaka 1877, na watoto wao wakapelekwa shule za bweni walikoadhibiwa kwa kusema lugha yao. Serikali iliomba radhi mwaka 2008, lakini radhi haikumrudishia mama wa rafiki yako maneno yake. Mpende sana huyo rafiki. Ninyi wawili mnafanya kazi moja, kila mmoja kwa bibi yake. Wako yuko hai, ana simu, na anakisema Kibembe kila siku. Usingoje mpaka ukijue ndipo uzungumze naye. Mpigie umwambie akufundishe kumsalimu tu, wiki ijayo umsalimie. Aibu uliyoiona harusini haimhusu yeye. Nadhani yeye alifurahi kusikia tu unapumua upande wa pili.

Kuhusu Edmonton nakuomba usifanye haraka. "Mzungu wa ng'ombe" ni jina linalouma, lakini kwetu mtu asiyekuhusu hakutanii. Huenda walikuwa wanakudharau, huenda walikuwa wanakukaribisha kwa lugha ya rika lao, na harusi moja haitoshi kujua. Kule kuna vitu ambavyo nyika haitakupa: mtu wa kukufariji msibani kwa lugha ya mama yako, wadogo zako wanaokua, mtu wa kukusuka nywele Jumamosi. Hukutaja mchumba wala ndoa, nami siligusi, ila jua mama yako analiwaza. Baridi ya Januari ukiwa peke yako na wazee wawili ni jambo la kupimwa kwa uzito wake, hata kwa mtu anayependa ng'ombe.

Unaniuliza kama kubaki ni kuwatupa wazazi. Kutupa ni neno zito, na sioni mahali ulipolionyesha. Umebeba wadogo wanne na ukalea ng'ombe juu yake. Lakini ukibaki, kuna kitu watakikosa kweli, mikono yako na masikio yako kwa Kiingereza cha ofisini, na ni haki wajue utakichangia vipi kutoka mbali. Watazame pia kwenye ramani: Olds iko kwenye barabara inayounganisha Calgary na Edmonton, kiasi cha saa mbili kutoka kwa mama yako. Miaka miwili ya chuo huenda isiwe kuondoka kwa mtu yeyote. Tena hakuna aliyesema lazima uanze mwaka huu. Unaweza kumwambia mzee, "Nipe mwaka, nikae na wazazi wangu wakitulia, nitakuja wakati wa kuzalisha." Ahadi ikivunjika kwa sababu uliomba mwaka mmoja, umejua uimara wake kwa bei ndogo. Ukikaa Edmonton mwaka mzima na usiku hauachi kuota zizi, hilo nalo utakuwa umelijua. Au unesi ukaugusa na ukakushangaza. Mkono ule uliomtoa ndama ungefaa pia kwenye chumba cha kujifungulia. Wewe ndiye unayeweza kujua.

Februari hii, kama utanisikiliza kwa jambo moja, ongea na mama yako kwanza, kabla ya mzee na kabla ya wakili. Msaidie kusonga ugali, umuulize habari za shamba la babu.

Halafu niandikie Mvua akizaa. Nataka kujua ndama mmempa jina gani, na nani alikuwa zizini usiku huo.

Mama yako wa ushauri